Alama ya Kicheko

Mtaa mzima ulimwita Bi Pindo, na jina hilo hakupewa kwa mapenzi. Alilipata kwa ubishi wake. Umpelekee suruali ya kupunguza urefu, umwambie kunja tu upige cherehani, mimi nina haraka, alikutazama juu ya miwani kana kwamba umemtukana. Pindo la suruali ya kitambaa alilishona kwa mkono, uzi usionekane nje, na kama huna subira alikurushia suruali yako. "Kashone mwenyewe basi! Sindano si zinauzwa kila duka?" Ndivyo alivyokuwa mama wa watu, mkali kwa nguo na mkali kwa wateja. Lakini lilikuwepo jambo moja ambalo kila akilikaribia alikuwa mwoga kama kunguru, na jambo lenyewe lilimhusu mtoto wake wa kumzaa.

Chumba chake cha kazi kilikuwa cha mbele, mlango unafungukia barabarani. Cherehani ya kukanyaga ilikaa dirishani kufuata mwanga, pasi juu ya tofali, vipande vya vitambaa vimejaa kikapuni hadi vinamwagika, na katikati ilikuwepo meza ndefu ya kukatia nguo. Meza hiyo aliivika kitambaa kizito cheusi, akakikaza kwa misumari kwa chini. Juu ya ule weusi kulikuwa na michoro ya chaki kila siku iendayo kwa Mungu: mistari inapanda, inashuka, inanenepa, inakonda, mingine imekatika ghafla, mingine inaishia kama mkia wa panya. Mteja mgeni alidhani ni vipimo. Mmoja aliwahi kuuliza kama ni uganga, akafukuzwa yeye na suruali yake.

Yalikuwa maandishi. Yalitungwa hapo hapo mezani na Bi Pindo pamoja na binti yake, aliyezaliwa hasikii. Mtaa ulimwita binti Chaki, kwa vile vidole vyake vilikuwa vyeupe tangu utotoni. Baba yake alikuwa dereva wa lori, mtu wa kuja na kuondoka, na safari moja akaondoka moja kwa moja, kwa hiyo tumwache huko huko aliko.

Ilianza hivi. Chaki alipokuwa mdogo alipenda kuweka kiganja juu ya cherehani inapokwenda. Siku moja akautoa mkono, akaonyesha sikio la mama yake, akaonyesha cherehani, akakunja uso: wewe unapata nini huko? Hata wewe, hebu jaribu kumweleza mtu sauti kwa mikono! Bi Pindo akachukua chaki ya fundi, ile bapa ambayo ukiisimamisha inatoa mstari mwembamba na ukiilaza inatoa mpana, akachora vidoti vifupi vinavyofukuzana, halafu akaviachanisha pale cherehani inapopunguza mwendo. Mtoto akaweka kiganja tena, akatazama vidoti, akarudi kwenye cherehani, kisha akaruka kwa furaha mpaka akagonga kichwa kwenye meza.

Basi, alikoma hapo? Thubutu! Kuanzia siku hiyo kila kitu lazima kichorwe. Mvua kwenye bati. Pasi ya moto inapogusa kitambaa kibichi. Kufuli linapofungwa. Jirani anapopiga chafya, maana chafya za jirani yule ziliamsha watoto wa nyumba ya tatu. Mama na mtoto wakajiwekea kanuni zao. Sauti nyembamba inakaa juu, nzito inakaa chini. Kubwa inaandikwa kwa upana wa chaki, ndogo kwa ncha yake. Ya kukwaruza ina meno, ya taratibu haina. Inayokatika inakatwa, inayofifia inavutwa hadi ipotee. Herufi za kawaida Chaki alizijua barabara, shule ya viziwi ilimfundisha kusoma, kuandika, na kufuata midomo ya watu. Lakini herufi, alisema kwa mikono yake, zinaniambia mtu kasema nini, haziniambii amesikika vipi. Mama alimwelewa, akajivuna kimoyomoyo. Ukweli usemwe, hakuna mahali wawili wale walipendana kama kwenye meza ile.

Sasa tuje kwenye aibu.

Chaki alikuwa ndiyo kwanza ameng'oka meno ya mbele, na mwalimu wake alikuwa akimfundisha kutoa sauti, mkono mmoja kooni kwake mwenyewe na mwingine kooni kwa mwalimu. Neno la kwanza aliloliweza lilikuwa "mkate." Alilifanyia mazoezi mpaka usingizini. Siku ya siku wakaenda dukani, watu wamepanga foleni, ikafika zamu yao, mama akafungua mdomo aagize, mtoto akamwahi. Sauti ikatoka nzito, ikapanda ghafla, ikavunjika katikati. Foleni ikaangua kicheko. Mmoja akaiga vile vile, wakacheka zaidi. Na Bi Pindo, mama mzazi, huyo huyo wa kufukuza watu wazima na suruali zao, akacheka nao. Alicheka ili aonekane yuko upande wa wanaocheka. Alicheka mpaka machozi yakamlenga, akalipa, akamshika mtoto mkono, wakatoka.

Njiani uso ulimwaka moto. Alitamani ardhi ipasuke immeze, yeye na kapu lake. Mtoto naye anarukaruka na mkate wake kifuani. Kufika tu, hata viatu hajavua, akakimbilia mezani na chaki: ile sauti ya watu wote, midomo wazi, mabega yanatikisika, ile ikoje? Ichore.

Bi Pindo akaishika chaki. Angeweza kuichora ilivyokuwa: juu, kwa upana, meno matupu, mwisho umekatwa. Badala yake akachora mstari laini unaopanda kwa mawimbi, na juu yake vitone vidogo vinavyorukaruka. Haijawahi kukaa alama nzuri kama ile mezani pale. Kisha akasema polepole, mtoto aione midomo vizuri: "Wamefurahi. Umewafurahisha."

"Wote?"

"Wote."

"Hata wewe, nilikuona!"

"Hata mimi," akajibu mama, akaenda kuweka mkate kabatini ili asiendelee kutazamwa.

Ulikuwa uongo mdogo, jamani, wa kumfuta mtoto machozi ambayo hata hajayatoa. Lakini tazama ulivyokuja kuwa. Chaki akawa mtu wa kusema na watu kwa sauti. Kwa fundi viatu, kwa muuza mkaa, kwenye duka la dawa, kote anasalimu kwa pumzi yake yote, anatazama midomo, na midomo ikifunguka anang'aa. Akirudi anachora alama ya kicheko pembeni mwa meza, moja kwa kila aliyemfurahisha. Zilikuwepo siku ukingo wote ulijaa. Mama alichukua brashi ya nguo akazifuta kabla mteja hajaingia, na kesho yake zikarudi. Yeye alikuwa na masikio, alijua kila kicheko ni cha namna gani. Dirishani pale alisikia watu wakimwiga binti yake akishapita. Angetoka nje angewashukia, ulimi anao. Lakini angewaambia nini, na mtoto angeuliza ugomvi ni wa nini? Kwa hiyo aliinamia cherehani, akakanyaga kwa nguvu ili mlio wake uwazidi.

Mtu mmoja hakucheka kamwe. Huyo alikuwa mama mdogo wa Chaki, mdogo wake Bi Pindo wa tumbo moja, msusi, saluni yake ng'ambo ya barabara. Mama mdogo alikuwa na mdomo, asikwambie mtu. Lakini Chaki akisema neno kwa sauti, mama mdogo aliufumba mdomo huo, akasikiliza mpaka mwisho, ndipo akajibu. Mteja akicheka mbele yake alikuwa amejitakia. "Wewe na meno hayo, wewe ndiye wa kumcheka mtu?" Ajabu ni kwamba Chaki hakumzoea. Alimpa shikamoo ya haraka, akapita.

"Dada, mwanao hanipendi," mama mdogo alikuwa akilalamika. "Nimemkosea nini mimi?"

"Aa, watoto wa siku hizi," dada mtu alijibu, akaendelea kutunga uzi kwenye sindano.

Miaka ikaenda. Chaki akaingia chuo cha ufundi kusomea ushonaji, na kwa mkono ule aliorithi hakuna aliyeshangaa alipoongoza darasa. Mahafali yalipokaribia alirudi nyumbani anahema, mkoba umemning'inia upande. Mkuu wa chuo kamchagua yeye atoe shukrani kwa niaba ya wahitimu wote, ukumbini, mbele ya wazazi na wageni.

"Hongera, mwanangu!" Bi Pindo akamkumbatia, akamwachia ili midomo yake ionekane. "Utaandika, mwenzako atakusomea?"

Chaki akatikisa kichwa. "Mwalimu naye alitaka hivyo. Nimekataa." Mikono yake ilikwenda mbio. "Nitasema mwenyewe, kwa sauti. Watu wanapenda sauti yangu, Mama. Si unaona wanavyofurahi?" Akachukua chaki, akailaza, akachora wimbi linalopanda kutoka ukingo hadi ukingo, na vitone tele juu yake. Ukumbi mzima unacheka.

Bi Pindo akavuta kigoda, akakaa.

Tangu hapo akawa anajipiga chenga mwenyewe. Akiamka anajiambia, leo namwambia. Akimkuta mtoto mbele ya kioo, mkono kooni, anarudiarudia "tunawashukuru walimu wetu," anajiambia, kesho. Alimshonea gauni la kijani la kuvaa siku hiyo, akaifumua kola na kuishona upya bila sababu yoyote, bora tu mikono iwe na shughuli. Mteja mmoja alimwambia kunja tu upige cherehani, naye akakunja akapiga cherehani, bila ubishi. Mteja akatoka anashangaa kama fundi anaumwa.

Mama mdogo hakungoja kualikwa. Alivuka barabara, kitana kimechomekwa kichwani.

"Dada, nasikia mwanao anapanda jukwaani kusema."

"Ndiyo."

"Na anajua watu wanavyomcheka?"

Bi Pindo akashusha miwani. "Anajua wanacheka. Ila mimi nilimwambia wanafurahi." Akamweleza yote, mkate, foleni, alama aliyochora. Hakuwahi kumweleza mtu. Kwamba yeye mwenyewe alicheka hakusema. Hapo alipita mbali.

Mama mdogo akaitazama ile meza. Kisha akasema, "Mwambie. Usipomwambia wewe, watamwambia wao pale ukumbini."

"Nitamwambia."

"Lini, Dada?"

"Nimesema nitamwambia!" akafoka, na sauti yake mwenyewe ikamsuta.

Asubuhi ya mahafali gauni lilikuwa limening'inia mlangoni na pasi inapata moto. Hapakuwa na kesho nyingine ya kukimbilia. Bi Pindo akapiga brashi meza nzima mpaka ikabaki nyeusi tupu, akamgusa Chaki begani. Akachora ile alama waliyoijua, wimbi na vitone vyake. Chini yake akachora nyingine: juu, kwa upana, meno matupu, mwisho umekatwa. Ilitoka sawasawa.

Chaki akainama kuitazama. "Nini hii? Msumeno?"

"Kicheko."

"Kicheko ni hiki." Akagusa cha juu.

"Vyote viwili ni kicheko. Cha juu ni cha mtu aliyefurahi. Cha chini ni cha mtu anayekuona wewe ndiye kituko."

Chaki hakulia. Bora angelia! Alisimama pale, kidole bado kiko juu ya wimbi, na ungeweza kuona jambo linavyomwingia taratibu. Kisha akaanza kuuliza, mtu baada ya mtu, na mama akawa anajibu kwa kuonyesha. Fundi viatu? Cha juu, yule alimpenda kweli, Mungu ambariki. Muuza mkaa? Cha chini. Mwenye duka la dawa? Cha chini. Wasichana wa bombani, wale waliokuwa wakimwita arudi aseme tena? Cha chini. Jirani wa chafya? Bi Pindo akasita, maana jirani huyo alikuwa mtu wa kuazimana chumvi, akaonyesha cha chini. Kila jibu Chaki aliitikia kwa kichwa, akataja mwingine.

"Na Mama Mdogo?" Akaduwaa kidogo. "Mama Mdogo hajawahi kucheka. Hata siku moja. Nilidhani sauti yangu inamuudhi."

"Hajawahi kukucheka. Anakusikiliza."

Chaki akageukia dirisha, akatazama mlango wa saluni ng'ambo kule, ulikuwa ndiyo kwanza unafunguliwa. Alipogeuka, uso wake ulikuwa umebadilika.

"Foleni ya dukani," akasema. "Nilipoagiza mkate."

Bi Pindo akaonyesha cha chini.

"Wewe ulikuwepo, na ulicheka. Chako ni kipi?"

Nafsi ikamsukuma Bi Pindo: sema cha juu, nani atajua? Wenye foleni ile wametawanyika, mwenye duka alishahama, mtoto mwenyewe hasikii. Kidole kilikuwa kimeshaanza kwenda juu. Aliona jinsi kinavyokwenda, akajiona alivyo, mwanamke mzima anataka kumwibia mtoto wake mara ya pili. Akakirudisha. Akakiweka kwenye meno.

Chaki akakitazama kile kidole. Bi Pindo akaanza kueleza, midomo na mikono vinagongana: niliona aibu, watu walikuwa wengi, sikujua nifanye nini, wewe ulikuwa mdogo, nilitaka usiumie... Chaki akafumba macho. Mtu asiyesikia akifumba macho mbele yako, umekwisha, huna mlango mwingine wa kuingilia. Bi Pindo akabaki anaomba radhi kwa kope zilizofungwa. Alimgusa mkono, mkono ukaondolewa. Akaona aibu, si ile ya kuchekwa na watu, hii ilikuwa ya kujijua, na hakuwa na pa kuipeleka.

Macho yalipofunguliwa, Chaki akalitoa gauni mlangoni, akalipiga pasi mwenyewe, akalivaa. Kola ilikaa vizuri. Mama alimfuata mpaka kizingitini.

"Basi andika, mwenzako asome. Bado mnao muda."

"Nitasema," Chaki akajibu, na hii hakuisema kwa mikono, aliisema kwa sauti, nzito, ikapanda, ikavunjika. "Sauti ni yangu."

Hakuelekea chuoni. Alivuka barabara. Kupitia dirishani Bi Pindo alimwona akisimama mlangoni pa saluni, akisema kitu, na mama mdogo akiacha kichwa cha mteja nusu kimesukwa nusu hakijasukwa, akivuta kiti, akimkalisha. Mteja akalalamika. Akajibiwa jibu lake. Bi Pindo hakulisikia, lakini aliona bega la mdogo wake lilivyopanda, akalijua.

Mchana Bi Pindo alifika ukumbini kabla ya wageni wote, akakaa mstari wa mbele, katikati kabisa, mahali ambapo mtu wa jukwaani hawezi kukukosa. Kijana wa kupanga viti alimwambia vile ni vya wageni rasmi. Bi Pindo akamtazama juu ya miwani, kijana akaenda zake. Mpango wake ulikuwa mmoja: mtoto akianza kusema, akatafuta uso wa kushika, aukute wa mama yake hapo hapo chini, mdomo umefumbwa, unasikiliza. Alikuwa ameufumba tangu kwenye hotuba ya mkuu wa chuo.

Chaki akaitwa. Gauni la kijani likapanda ngazi, nywele zimesukwa upya. Alishika kipaza sauti kwa mkono mmoja, mwingine akauweka kooni. "Tunawashukuru," akaanza. Sauti ikatoka nzito, ikapanda, ikavunjika, na vipaza sauti vikaitawanya ukumbi mzima. Halafu nyuma huko kikaanza kicheko kimoja, kikafuatwa na kingine, kisha safu kadhaa. Bi Pindo hakugeuka. Aliinua uso wake kama mtu anayepigwa picha, kidevu juu, midomo imebanwa. Niangalie, mwanangu. Niko hapa. Sicheki.

Macho ya Chaki yalipita juu ya kichwa chake. Kule nyuma mlangoni, katikati ya wanaocheka, alikuwa amesimama mama mdogo, amechelewa kwa kufunga saluni, mikono kifuani, mdomo ameufumba. Chaki akaongeza sauti. Akawashukuru walimu, akawashukuru wapishi na wafagiaji wa chuo, akawashukuru wazazi waliosomesha watoto wao, neno kwa neno, hakuruka hata moja, na macho hayakubanduka pale mlangoni mpaka alipomaliza. Watu wakapiga makofi, wengine wakasimama. Akashuka ngazi za upande wa pili. Bi Pindo alikuwa bado amekaa, mdomo ameubana hadi taya zinamuuma, anasubiri atazamwe.